Neno Lililokufa Nililomuuliza Shangazi

Ilianza Jumapili, saa mbili na dakika kumi za asubuhi. Nina hakika na saa hiyo kwa sababu redio ya jirani ilikuwa imetoka tu kumaliza taarifa ya habari, na shangazi alikuwa na desturi ya kuisikiliza hadi mwisho, amesimama uani na kikapu begani, kabla ya kutelemka pwani kuchokoa pweza. Ilikuwa likizo ya Disemba. Juma lililopita tulikuwa tumetimiza mwaka mmoja wa Uhuru, na bendera ya karatasi niliyokuja nayo kutoka shuleni ilikuwa bado imechomekwa kwenye makuti juu ya mlango wetu, pale kijijini Munje.

Huyu shangazi ndiye aliyenilea. Mama alifariki nikiwa sijaota meno, baba akaenda kutafuta kazi Mombasa na kuoa huko, basi nikabaki na shangazi na bibi. Shangazi hajui kusoma. Kiingereza chake chote ni neno moja, "yesi", na hulitumia hata pale anapokataa.

Kwetu mtu anayetoka kwenda baharini haulizwi aendako. Unaweza kumwambia heri. Unaweza kumwombea dua. Unaweza hata kumtania kwamba atarudi na kaa mmoja mwenye mguu mmoja. Lakini "wapi" halitamkwi, kwani anayeuliza amemfunga njia mwenziwe. Aliyeulizwa hurudi ndani, huketi kwenye kibao cha kukunia nazi, hunywa mafunda matatu ya maji, halafu hutoka upya kana kwamba siku ndiyo kwanza inaanza. Nimemwona shangazi akifanya hivyo. Aliyemuuliza alikuwa karani wa kuandikisha wapiga kura, mtu wa bara, maskini, hakujua. Shangazi alimwacha amesimama na daftari lake akarudi zake jikoni, na karani akaniuliza mimi, "Mama amekasirika?" Nami nilishindwa kumjibu kwa sababu nina haya.

Hilo la haya lazima nilieleze, maana ndilo kiini cha mambo. Mimi ni mtu ambaye sauti yake haitoki. Darasani nikiulizwa hutazama meza. Muhula ule nilijibu mara moja tu. Mwalimu wetu wa Kiingereza, mama mzee kutoka Uingereza, alikuwa akitusomea habari za kale, akakuta neno "whither" akauliza nani anajua maana yake. Nilikuwa nimelitafuta kwenye kamusi usiku uliotangulia. Nikasema, kwa sauti ambayo hata mimi niliistaajabia, kwamba maana yake ni kwenda wapi. Akafurahi mno. Akatuambia neno hilo lina ndugu zake: "thither", kwenda kule, na "hither", kuja hapa.

"Zamani watu waliyasema kila siku," alisema. "Siku hizi yamekufa. Aliye hai hasemi hivyo."

Nililipenda neno lile kama mtu anavyopenda kikombe chake. Hulitamki, unalipuliza, kama mtu anayezima koroboi. Likizo nzima nilikuwa nikilinong'ona. Niliwauliza kuku, whither goest thou? Niliwauliza siafu. Wote walikwenda walikokuwa wakienda na hakuna kilichowapata.

Jumapili hiyo nilikuwa nimechutama uani nikisugua sufuria kwa mchanga. Shangazi alinipita na fimbo yake ya chuma ya kuchokolea pweza, leso ameifunga kiunoni. Nikamnong'oneza mgongoni, whither goest thou? Sikuwa na nia mbaya. Niseme kweli: nilijua ninachofanya. Nilijua ni swali lile lile tusiloliuliza. Nilidhani tu kwamba kwa Kiingereza halihesabiwi, tena Kiingereza chenyewe cha wafu.

Shangazi alisimama.

Hakugeuka. Aliinua fimbo akaielekeza baharini, na akasema kwa sauti ya mtu anayeongea usingizini, "Huko kweupe."

Kisha akaenda. Nilitazama baharini alikoonyesha. Maji yalikuwa ya samawati, mwamba mweusi, mbingu safi. Hapakuwa na kweupe popote.

Nilisugua sufuria ile mpaka bibi akaniuliza kama nataka kuitoboa.

Siku hiyo ilikuwa ya bamvua, maji hukupwa mbali sana, mpaka unaweza kutembea kwa miguu hadi ukingo wa mwamba ambako mawimbi makubwa hupasuka. Wanawake wanaochokoa pweza hukaa huko hadi karibu na saa tano, halafu hurudi kabla maji hayajaanza kujaa, maana yakijaa hupita kwanza nyuma yako, kwenye mkondo ulio kati ya mwamba na ufuo, na wewe unayatazama ya mbele tu. Saa sita kasoro wakarudi majirani zetu wawili, mmoja mnene mwenye maneno mengi, mwingine mwembamba ambaye kazi yake ni kumuitikia.

"Huyu wenu katutangulia?" akauliza yule mnene. "Tulimwona akielekea kusini peke yake. Tumemwita, hata kichwa hakutikisa. Nikasema leo katununia."

"Katununia," akaitikia mwembamba.

"Hajarudi," bibi akasema.

Na hapo mvua ikaja. Haikutoka nchi kavu na ngurumo kama mvua zetu zijavyo. Ilitoka baharini, kimya, kama shuka linalovutwa. Ukingo wa mwamba ukapotea, halafu mwamba, halafu maji yenyewe. Nilisimama mlangoni nikaona bahari yote imekuwa nyeupe.

Nilijua hasa alikokuwa shangazi.

Bibi alijitupia leso kichwani akatelemka ufuoni, na majirani nyuma yake, nami nyuma yao. Maji yalikuwa yameshaingia mkondoni, yakipanda bila kelele. Huoni hatua ishirini mbele yako. Mtu aliyeko huko nje katika weupe ule hana ufuo wala bahari. Pande zote ni moja, na akikosea upande anakwenda kwenye kina.

"Alipotoka," bibi akauliza, "kuna mtu alimuuliza?"

"Si mimi!" akasema yule mnene. "Nina wazimu?"

"Si sisi," akaitikia mwembamba.

Bibi akanitazama. Kabla sijafungua mdomo, yule mnene akacheka. "Ah, huyo! Msomi wenu huyo shikamoo tu humtoka kama mtu anayetapika mwiba. Huyo atamuuliza nani nini?"

Haya yangu ilinitetea. Nilichohitaji kufanya ni kutazama chini kama siku zote, na hakuna ambaye angejua maisha yangu yote. Naandika hili kwa sababu nililifikiria, tena si kwa muda mfupi. Maji yalikuwa yamefika kwenye vifundo vyangu nilipomaliza kulifikiria.

"Ni mimi, bibi."

"Ulimuuliza?"

"Nilimuuliza. Kwa Kiingereza."

Yule mnene akapiga makofi. "Kiingereza! Sasa hicho nacho kina nuksi gani? Wazungu wa Diani huulizana wendako kutwa kucha na hawafi!"

Bibi hakumsikiliza. "Alisimama?"

"Alisimama."

"Alijibu?"

"Alijibu. Alisema, huko kweupe."

Mnene akashusha mikono. Bibi alinitazama, mvua ikimtiririka usoni, na sikuona hasira. Niliona anahesabu.

"Mwanangu hajui kama amefungwa, basi hawezi kurudi kuketi na kunywa maji," akasema. "Hilo neno ulilisoma wapi?"

"Shuleni. Mwalimu alisema limekufa."

"Limekufa! Na wewe ukalitia pumzi." Akanishika bega akanigeuza nitazame baharini. "Umemfunga kwa Kizungu, mfungue kwa Kizungu. Hao waliokufunza kwenda hawakukufunza kurudi?"

Walinifunza. Nilikuwa nalo. Lakini kulikuwa na watu: majirani wawili, na wengine waliokuwa wameanza kutelemka waliposikia habari, wanaume waliotoka kushona nyavu, wamesimama nyuma yangu wakinitazama. Nikafungua mdomo. Ikatoka pumzi tu.

"Bahari haisikii minong'ono, mke mwenzangu," bibi akasema. Hilo ndilo jina lake la utani kwangu. Huyo aliyekuwa huko nje alikuwa binti yake wa pekee.

Nikapiga kelele. "Hither!" Sikujua kwamba nina sauti kama ile. Ilinikwaruza koo. "Hither! Come hither!" Mtu mmoja nyuma akasema, "Huyu mtoto amepagawa," na mwingine akamwambia anyamaze. Niliita mpaka neno likaacha kuwa neno.

Halafu nikasikia nikiitikiwa. Ilitoka mbali, ndani ya weupe, nyembamba, kama mtu anayezima koroboi. Sikutaka kuisikia vizuri. Baharini hakuna ukuta wa kurudisha sauti ya mtu.

"Umesikia?" nikamuuliza bibi.

"Wewe ita," akasema.

Niliita. Na upande wa kusini, mbali na tulikokuwa tukitazama, kikatokea kivuli. Maji yalikuwa yakimfika kifuani, kisha kiunoni. Alikuwa shangazi. Alikuwa akija kwetu kinyumenyume, mgongo ufuoni, uso baharini, hatua kwa hatua, na fimbo ameishika mbele yake kama mtu anayemzuia mbwa.

Wanaume waliingia majini wakamshika mikono. Hakugeuza uso hadi miguu yake ilipokanyaga mchanga mkavu.

Nyumbani bibi alimkalisha kwenye kibao cha kukunia nazi akampa maji. Funda la kwanza, la pili, la tatu. Mguu wake mmoja ulikuwa umechanwa na mwamba, na kikapu hakuwa nacho. Mimi nilikaa karibu na mlango, nikimsubiri anikaripie. Badala yake alinitazama kama mtu anayejaribu kukumbuka bei ya kitu.

"Ulikuwa wapi na wapi?" akaniuliza.

"Nilikuwa ufuoni, shangazi. Nilikuwa nikikuita."

"Huyo nilimsikia. Huyo ndiye niliyemfuata." Akafuta midomo kwa ncha ya leso. "Ninamuuliza yule mwingine. Yule aliyekuwa nyuma yangu tangu asubuhi. Nikichokoa shimo ananiuliza. Nikihama ananiuliza. Sijui alikuwa akisema nini, lakini lilikuwa swali, na sauti ni yako. Mvua ilipofunga pande zote alikuja karibu sana. Nikaona nikimpa mgongo nimekwisha."

Bibi aliinama akapuliza moto uliokuwa hauhitaji kupulizwa.

"Mwenye sauti yuko hapa," akasema taratibu. "Huko kilichobaki ni swali. Swali ambalo aliyeliuliza hajalijibu mwenyewe halitoki mahali pake, na kesho watu wanakwenda mwambani." Halafu akanigeukia. Hakuniita mke mwenza. "Mjukuu wangu, ni lako. Utakwenda kulichukua."

Nilisali magharibi yangu nikalala katikati yao wawili, kama nilivyokuwa nikilala utotoni.

Asubuhi yake, Jumatatu, maji yalikupwa tena. Redio ya jirani ikamaliza habari zake. Nilijifunga leso ya shangazi, nikachukua fimbo ya chuma, nikapita uani. Shangazi alikuwa amekaa kizingitini, mguu umefungwa kitambaa. Nilimwona akifungua mdomo, na nilimwona akiufunga.

"Heri," akasema.

Nilitembea juu ya mwamba kuelekea kusini. Sijawahi kwenda mbali kiasi kile peke yangu. Jua lilikuwa kali, bahari ya samawati, na ufuo ulionekana wote na minazi yake, hata moshi wa jiko letu. Kikapu nilikiona mbali, kimekwama kwenye ufa wa jiwe, na ndani yake kulikuwa na pweza wawili waliogeuka rangi ya majivu. Karibu na pale kuna mashimo mwambani, na maji yanapoanza kurudi chini kwa chini huisukuma hewa ikatoka. Hupuliza. Moja lilipuliza nyuma ya kisigino changu, na nilitambua lilichosema, na lilikisema kwa sauti yangu ya darasani, ile ya siku niliyojibu.

Nilitaka kukimbia, lakini mtu akikimbia juu ya mwamba wenye mwani huanguka.

Nikakitoa kikapu nikakitia begani. Kisha nikajibu, kwa sauti kubwa, kwa lugha ya kwetu, ingawa hapakuwa na mtu.

"Ninakwenda nyumbani," nikasema. "Kwa shangazi yangu. Haya, twende."

Nikageuka, nikaipa bahari mgongo, nikatembea bila kuharakisha hadi ufuoni.