Jaruba la Mchana Mrefu

Ninaikumbuka siku ile, mwanangu, kama mtu anavyolikumbuka jino alilong'olewa: ulimi haukomi kurudi palepale. Ila nianze na jambo moja, usije ukalisikia kwa watu. Cheti changu cha kuzaliwa kinasema mimi ni kijana, na huenda wewe unayenisoma umenizidi umri. Mvi hizi na mgongo huu nilivipata upande wa Ubaruku, ndani ya jaruba la mpunga, katika mchana mmoja.

Wenyeji waliliita Mchana Mrefu, wala hakuna aliyejua asili yake. Mara moja katika msimu, jaruba likijaa maji na jua likifika utosini, mchana husimama na kumsubiri aliyemo ndani. Yeye hupanda, hupalilia, huvuna, na huko nje dakika haijaisha. Akivuka tuta kutoka, jua linaendelea na safari yake. Mwenye jaruba, Mama Atu, alilikodisha kwa sharti moja: vuna mara moja, kisha toka. Alisema msimu mmoja wa maisha mtu anaweza kuutoa bila kuujutia.

Mimi ni mtu wa Kihesa. Kilimo nilijifundisha mwenyewe, kwa kuchungulia mashamba ya watu na kutazama video kwenye simu, na asiyefundishwa hana wa kumwambia kwamba imetosha. Nilipandikiza miche kwa kamba. Mstari ukipinda upana wa kidole, niling'oa wote nikaanza upya, huku nikigeuka nyuma kuangalia kama kuna mtu ameona.

Rafiki yangu Lusajo, Mnyakyusa wa Tukuyu, hakujua hata kamba ni ya nini. Mistari yake ilikwenda kama ng'ombe aliyekosa mchungaji. Ndiye aliyelikodi lile jaruba mwanzo. Aliingia saa sita na kidevu kitupu, akatoka saa sita hiyohiyo ana ndevu zilizojaa kidevu na magunia ya mpunga, wakati sisi bado tulikuwa kwenye vitalu. Wanawake waliokuwa wakipandikiza walicheka hadi wakakaa kwenye matope.

"Wewe Mhehe," akanitania, "endelea kupima tope lako kama fundi cherehani. Sisi tunakwenda kukoboa."

Nilicheka. Mwanangu, huku nacheka nilikuwa nikiyahesabu magunia yake. Sikumchukia kwa kupata. Nilimchukia kwa kupata ovyoovyo. Na palikuwa na jingine. Alipokuja Kihesa kunisindikiza kupeleka mahari, mchumba wangu Tumaini alicheka sana vichekesho vyake. Mimi sikuwahi kumchekesha hivyo. Harusi ilikuwa ifungwe baada ya mavuno ya msimu uliofuata, nami nikaona nitasimama kanisani karibu na mtu aliyenishinda. Wazee walisema hasidi hana sababu. Mimi nilikuwa nazo tele, zote za kujitungia.

Msimu huo ulipofika nililiomba jaruba mimi. Mama Atu alinitazama mikono kwanza, halafu uso.

"Unataka mpunga, au unataka kumshinda Lusajo?"

"Mpunga, mama."

"Haya. Mvuno mmoja. Mle ndani hakuna wa kukuambia jua limekuchwa."

Niliingia. Juu yangu mwewe alikuwa amening'inia, hapandi wala hashuki. Nje ya tuta Lusajo alikuwa amesimama na ndoo, mdomo wazi. Nilipandikiza, nikavuna, mavuno mema. Nikafika kwenye tuta, nikageuka kutazama mabua. Mstari wa tatu ulikuwa umepinda.

Nikamtazama Lusajo na mdomo wake ulio wazi. Nikasema: ananicheka.

Nikarudi. Nilipanda upya, nikavuna, na safari hii kona ya mfereji ikawa imedumaa. Nikapanda tena. Nilikula wali wa humohumo na kambare wa kwenye matope, nikalala kwa kufunika macho kwa shati. Kila nilipotaka kutoka nilimtazama yule pale, na kicheko chake kilinirudisha. Nywele zilibadilika. Magoti yakaanza kulia. Nilimwonea wivu mtu aliyesimama tu, kwa misimu ambayo sikuthubutu kuihesabu, hadi siku nilipoinuka nikaona mistari yote imenyooka, hakuna ulio na dosari. Nikavuka tuta.

Nilichosikia ni nusu ya neno: "...ka!"

Lusajo alikuwa akiniita. "Toka!" Alikuwa ameona uso wangu nilipokuwa nikivuka tuta kuingia, akajua mvuno mmoja hautanitosha. Ndoo ikamdondoka. Simu yangu ilipopata mtandao ilijirekebisha saa. Mwili hauna mtandao, mwanangu.

Nilipeleka mchele Kihesa mwenyewe. Tumaini alifungua mlango, akaona mzee na magunia, akainama kidogo kama alivyolelewa.

"Shikamoo, babu."

Nikaitikia, "Marahaba."

"Umetoka kwa mchumba wangu? Yeye anakuja lini?"

"Yupo shambani," nikasema. "Anamalizia mstari mmoja."

Lusajo ndiye aliyemweleza ukweli. Tumaini alinifuata Ipogolo kwa kaka yangu, ambaye sasa watu humdhania mwanangu, tukakaa mpaka chai ikapoa. Alisema yuko tayari kuolewa nami hivyohivyo. Nilikataa mimi, maji yakimwagika hayazoleki. Aliolewa baadaye na mwanamume mwema. Harusini walinikalisha meza ya wazee, wakaniletea nyama laini.

Nisikufiche: wivu haujaniacha. Lusajo akicheza mpira Jumapili, nayaonea wivu magoti yake. Hata wewe nakuonea wivu, unavyosoma bila miwani. Ila siku hizi nikiusikia unapanda naondoka, naenda kukaa na watu.

Basi shika hili. Mwenzio akipata, usikimbilie kusoma uso wake; wivu hauna macho, huona kicheko hata pale mtu anapokuita. Mwendee umuulize. Na kazi yako ikifika mahali pa kulika, iache ilike, hata kama imepinda. Mpunga wa mstari uliopinda hupikika. Mtu anayekusubiri nyumbani hataki mistari. Anakutaka wewe, na umri wako, ukiwa bado unalingana na wake.

Mungu akupe mavuno ya kukutosha na jicho la kuyaona kuwa yametosha. Akupe rafiki wa kukuitia "Toka!", nawe akupe sikio la kumsikia. Uzeeke taratibu, mwanangu, siku kwa siku, pamoja na wenzako wote.