Uso wa Goliati Kule Gisimenti

Haya yalinipata mimi mwenyewe, mchana, jua likiwa utosini, na sikuwa nimeonja pombe wala sikuwa na homa. Naanza hivyo kwa sababu kila ninapoyasimulia lazima atokee mtu wa kuniuliza siku ile nilikunywa nini. Sikunywa kitu. Ukitaka kucheka, cheka sasa umalize, kisha unisikilize.

Mwaka wa tisini na mbili nilikuwa Kigali, nikifanya kazi ya kumwaga shaba katika karakana moja nyuma ya baa za Gisimenti. Baba yangu alikuwa mtu wa Ujiji, mama Mnyarwanda, nami niliingia Kigali nikiwa kijana nikabaki. Karakana ilikuwa ya mtawa mzee wa Kiitaliano, tukimwita Fureri Anselmo. Kiswahili chake alikiokota Bukavu, na ufundi wake aliutoa kwao, kwa baba yake. Wafanyakazi wa kutegemewa tulikuwa wawili tu, mimi na Faustin. Mimi nilikuwa na miaka tisa pale. Faustin alikuwa na mitatu, na kila alichokijua nilimfundisha mimi, kuanzia namna ya kuipasha nta juu ya jiko la makaa mpaka iwe laini kama ndewe ya sikio.

Basi masista wa nyumba moja ya mafungo kule Kiyovu wakaomba sanamu ya Daudi, ya shaba, isimame bustanini kwao. Vita vilikuwa kaskazini, vizuizi vilikuwa barabarani, na mwaka ule kila mtu Kigali alijiona yeye ndiye Daudi na mwenzake ndiye Goliati. Fureri alilijua hilo. Akatuita mezani, akatandaza picha zilizochakaa za sanamu za shaba za kwao, za miaka mia tano iliyopita.

"Mutazame huyu," akasema. "Ameshinda, lakini hacheki. Macho iko chini. Upanga si wake, ni wa lile jitu, ndiyo sababu umemuzidi. Na mguu wake juu ya kichwa, muone kidole, kimezama ndani ya ndevu. Waliotengeneza hii walitaka mutu mukubwa akipita pale ajiulize: mimi ni nani hapa, wa juu ao wa chini?"

Akatupa mwezi mmoja. Kila mtu atengeneze Daudi wake wa nta, naye atachagua.

Nilifanya kazi ile kama mtu anayejenga nyumba yake mwenyewe. Daudi wangu alikuwa na misuli, kifua kimejaa, upanga ameuinua. Wa Faustin alikuwa mwembamba, bega moja limeshuka kidogo, kama kijana aliyetoka kubeba maji. Uso wake ulikuwa na huzuni ndogo sana, ya mtu aliyefanya jambo na sasa ndiyo kwanza anaanza kulielewa. Nilipouona nilijua. Fureri hakuwa bado amefika mezani, lakini mimi nilikuwa nimeshajua.

Sasa wewe niambie, umewahi kuonja wivu wa kazi? Si kama wivu wa mapenzi. Huu unamtazama mwenzio akiwa na kitu ulichompa wewe mwenyewe kwa mkono wako, na mikononi mwake kimekuwa kizuri kuliko kilivyokuwa kwako. Huwezi hata kumwita mwizi.

Fureri alizunguka meza mara mbili. Akasimama kwa Faustin. Kisha akanigeukia mimi.

"Wewe utafanya kichwa cha Goliati, kile cha chini ya mguu. Na utamwaga shaba. Hakuna mutu anamwaga kama wewe."

Chini ya mguu wa Faustin, ndivyo nilivyosikia mimi. Nikasema ndiyo, Fureri.

Wiki mbili zikapita kichwa kinanikatalia. Kila nikikifanya kinatoka kama boga lenye ndevu. Faustin akipita ananiambia, "Mukubwa, kitakuja tu, usijali," na ule upole wake ndio ulionichoma zaidi. Usiku nilikuwa nalala nikimwona anashindwa, anaangusha sanamu, Fureri anamfukuza. Nakwambia kweli, nilikuwa napata usingizi mzuri hapo tu.

Jumapili moja Fureri na Faustin walikuwa misani. Mimi nilibaki karakana na nta yangu. Ilikuwa kama saa sita na nusu. Mlangoni pakaingia giza kidogo, nikainua macho, nikaona mtu anainama ili apite. Mlango ule mimi napita na nafasi inabaki ya kupitisha ndoo kichwani. Yeye aliinama mpaka mgongo ukakunjika. Alivaa koti zito la sufu, kwenye jua lile, na kofia ameivuta hadi kwenye nyusi. Ndevu zake zilikuwa nene, zimesokotana.

"Nimesikia unatafuta kichwa," akasema.

Kiswahili chake ndicho kilichonishangaza kwanza. Hakikuwa cha Kigali. Kilikuwa cha Ujiji, cha nyumbani kwa baba yangu, na kile kijilafudhi chetu cha kuvuta maneno.

Ningemuuliza amesikia kwa nani. Kwa nini sikumuuliza? Mpaka leo sijui. Nilimpa kiti, nikammiminia chai, nikaanza kuufinyanga uso wake. Na hapo, niamini, vidole vyangu vikafunguka. Pua ile, mashavu yale, midomo ya mtu aliyezoea kuogopwa, vyote vilikuja kama vilikuwa vinanisubiri. Jambo moja tu lilinisumbua. Jiko la makaa lilikuwa linawaka pembeni ya mguu wangu, lakini nta ilikuwa inagandia mikononi. Ilinibidi niirudishe motoni kila baada ya dakika mbili. Na chai yake, ambayo hakuigusa, iliacha kutoa moshi kabla sijaweka birika chini.

Baada ya muda akasema, "Yule kijana, ulimfundisha wewe."

Nikairudisha nta motoni.

"Na sasa wanamtazama yeye."

Nikaendelea kusokota ndevu za nta.

Akaivua kofia. Katikati ya nyusi, juu kidogo, palikuwa na shimo. Halikuwa na damu wala usaha, limekauka kabisa, na kina chake ungeweza kutia ncha ya kidole gumba. Akalitazama dole langu. "Weka na hili," akasema, na mimi nikabonyeza dole langu kwenye paji la nta, nikatoa shimo kama lake. Nikazilainisha kingo zake, kama kazi ya kila siku. Hilo ndilo linalonitisha nikikumbuka.

Alipoinuka kuondoka aliongea kwa sauti ya kawaida, kama fundi anayemwelekeza fundi mwenzake. "Tundu la hewa la usoni, kwa Daudi wa yule kijana. Udongo kidogo tu. Hewa isipotoka, shaba haifiki."

Akainama, akatoka. Nilikaa kidogo kisha nikakimbilia mlangoni. Mbele ya lango letu alikuwa anakaa Mama Zuena, anakaanga ndizi. Nikamuuliza yule mtu mrefu amekwenda upande gani.

"Mutu gani?" akaniuliza. "Mimi niko hapa tangu asubuhi. Hakuna mutu ameingia, hakuna mutu ametoka. Iko wewe peke yako unaongea mule ndani."

Jioni Faustin alikiona kichwa. Akasimama mbali nacho. "Huyu mutu umemutoa wapi, mukubwa? Ananiogopesha, lakini ni kazi nzuri sana." Fureri naye akauliza ni nani. Nikasema ni mtu nimemwona njiani. Kumbuka jambo hili: wote wawili waliuona uso ule wa nta, na hakuna aliyeutambua.

Tukaunganisha kichwa chini ya mguu wa Daudi. Labda hujui kazi hii, nikueleze kwa ufupi. Sanamu ya nta unaibandika mirija ya nta, mingine ya kuingizia shaba, mingine ya kutolea hewa. Unaifunika yote kwa udongo na unga wa matofali, ndiyo kalibu. Unaichoma taratibu, siku mbili tatu, nta inayeyuka inatoka, ndani panabaki uwazi wenye umbo la sanamu. Huo uwazi ndio unaoujaza shaba. Shaba ikishajaa, inachungulia kwenye matundu ya hewa juu ya kalibu, na hapo unajua umefaulu.

Asubuhi ya kumwaga nilifika wa kwanza. Kalibu lilikuwa limefukiwa kwenye mchanga, limekauka vizuri, matundu yake yanatazama juu. Tundu la usoni nililijua, nililipanga mimi. Nikachukua udongo mbichi, kiasi cha punje ya maharage, nikaliziba. Hakuna aliyenishika mkono. Yule mtu hakuwapo. Nilikuwa peke yangu, na nilijua ninachofanya, kasoro jambo moja ambalo fundi wa miaka tisa hana haki ya kulisahau: udongo mbichi ukikutana na shaba ya moto, unalipuka.

Au nilikumbuka? Nimejiuliza swali hili mara nyingi kuliko nilivyosali.

Masista wawili walikuja kutazama. Tulikibeba chungu cha shaba, mimi upande mmoja, kibarua wa siku upande wa pili, na Faustin amesimama kwenye kalibu kuangalia matundu. Nikaanza kumwaga. Tundu la kwanza likachungulia, la pili likachungulia. Nikamwona Faustin anakunja uso, anainama juu ya lile la tatu na kijiti mkononi. Nilikuwa na nafasi ya kusema neno moja. Jina lake tu lingetosha. Nilimimina mpaka mwisho.

Haikuwa sauti kubwa. Ilikuwa kama mtu ametema mate kwa nguvu.

Faustin alipoteza jicho la kushoto. Mimi ndiye niliyembeba hadi garini, mimi ndiye niliyekaa naye hospitali siku nne, na watu wakasema angalia anavyompenda mdogo wake. Siku ya tatu akanishika mkono, akaniambia polepole, "Mukubwa, niliona tundu limeziba. Nilijua umesahau kulisafisha. Sikutaka Fureri akugombeze mbele ya masista, nikainama nilizibue."

Nilimjibu nini? Nilimwambia alale.

Tulipovunja kalibu Fureri alikuwa anatarajia hasara. Uso wa Daudi ulikuwa umetoka mzima. Kila unywele wa nyusi ulikuwapo, na ile huzuni ndogo ya Faustin ilikuwapo. Shaba ilifika isikoweza kufika. Fureri akapiga magoti, akasafisha chini ya mguu kwa brashi ya waya, akasafisha tena. Kisha akainua macho akanitazama, akarudi kutazama chini.

"Kwa nini umejiweka wewe?" akaniuliza.

Nikasogea. Ndevu zilikuwa zile nilizozisokota. Lakini pua ilikuwa yangu. Kovu dogo la mdomo nililolipata utotoni lilikuwapo, na katikati ya paji, shimo la dole langu. Nilikuwa nimelala chini ya mguu ule nimefumba macho, na kidole kimezama kwenye ndevu zangu.

Fureri akasimama kwa shida, akanishika mabega yote mawili. Macho yalikuwa yamemlowa. "Wazee wa kwetu walifanya hivi," akasema. "Fundi alijua zambi yake, alijiweka mwenyewe pahali pa adui. Mimi sikukufundisha hii. Wewe ni mukubwa kuliko mimi nilivyofikiri. Mwanangu."

Miaka tisa nilingoja kuitwa hivyo. Nilitoka nje nikanawa mikono nyuma ya tanuri.

Sanamu ilipelekwa Kiyovu. Nimesikia masista walikuwa wakiwaonyesha wageni kichwa kile, wakiwasimulia unyenyekevu wa fundi. Faustin alirudi kazini na jicho moja, na mikono yake haikupungua kitu. Kila asubuhi alinisalimu kwa heshima ileile. Kila asubuhi nilijiambia nitamweleza leo, akishakunywa chai. Leo, Fureri akitoka. Jumamosi, tukiwa wawili. Mwanzoni mwa tisini na tatu nikapanda lori nikaenda Kigoma bila kuaga. Nilipanga kumwandikia nikishatulia.

Yaliyoifika nchi ile mwaka uliofuata mnayajua, mimi si mtu wa kuyasimulia. Nilirudi miaka mingi baadaye. Gisimenti sikuitambua. Kiyovu nilikuta bustani, na jiwe tupu ambalo sanamu ilisimama juu yake, na mlinzi asiyejua lolote. Nilimtafuta Faustin kwa jina, kwa jicho, kwa kijiji cha mama yake. Watu waliniangalia tu, kwa namna wanavyomwangalia anayeuliza maswali hayo. Sikupata mtu wa kuniambia yu hai wala wa kuniambia amezikwa wapi. Sasa nafunga mabomba ya maji majumbani. Shaba siimwagi tena, na kujitazama kwenye kioo sipendi, ndevu nanyoa kwa kupapasa.

Utasema yule mtu alikuwa jini, au mzimu, au wivu wangu uliovaa koti. Mimi nilimwona akiinama mlangoni, siwezi kukudanganya. Lakini sikukuita hapa kukuonya juu yake. Mtu kama yeye atakuja tu, na maneno atakayokwambia utakuwa umeshajiambia mwenyewe. Nakuonya juu ya asubuhi. Kama kuna mtu umemtendea jambo, na bado anaamka, na bado anakusalimu, usingoje Jumamosi. Mkatize chai yake. Mwambie.