Shangazi Ersilia na Wimbo Uliokatazwa Kurudiwa

Shangazi yangu Ersilia alikuwa dobi wa mferejini hapa Milano, na msimu wa opera ukifika aliimba kwenye kwaya ya jukwaani, mstari wa nyuma. Akiimba alisahau hata mikono yake iliyopasuka kwa magadi.

Mwaka ule walipewa wimbo wa wafungwa wanaodai mlango wa ngome ufunguliwe. Kwenye mchezo ni wafungwa wa kale, wa nchi ya mbali. Lakini sisi tulitawaliwa na Waustria, kwa hiyo wafungwa tuliwajua: ni sisi. Polisi nao waliwajua. Wakatoa amri: watu wakitaka wimbo urudiwe, kwaya isirudie. Atakayefungua kinywa, kazi hana.

"Utaweza kunyamaza kweli, Ersilia?" Teodolinda, dobi mwenzake, akamchokoza. "Wewe hata usingizini unaongea!"

"Nitakuwa bubu, utaona. Haya, tuanze tena pale kwenye 'fungueni'. Unavuta sauti kama mbuzi, dada."

Maana alikuwa akitufundisha madobi wote wimbo mzima, huku tunafua. Sauti moja, tukipigapiga nguo ubaoni. Nilidhani anatupunguzia uchovu tu.

Siku ya onyesho tulijazana roshani ya juu kabisa, kwenye viti vya bei rahisi. Kwaya ilipomaliza, ukumbi ukalipuka: "Tena! Tena!" Inspekta wa polisi akasimama. Shangazi akafumba mdomo, akatuangalia kule juu, akaanza kupiga paja kwa kiganja, vilevile tunavyopiga nguo.

Teodolinda akaanza. Tukaingia wote. Chini, mabwana wakavua kofia.

Tulipomaliza, inspekta akapanda jukwaani, amewiva uso. "Nani kawafundisha hawa?"

Shangazi angenyamaza, kazi ingebaki.

"Mimi, bwana. Ulisema kwaya isirudie. Haijarudia."

Alivuliwa vazi la mchezo palepale, akatoka na shimizi tu.

Kesho yake askari akaleta mferejini makoti meupe ya maofisa wa Kiaustria. Shangazi, macho yamevimba, akalowesha la kwanza, akalipiga ubaoni, akaimba wimbo uleule.

"Nyamaza, we mama!"

"Kule nishafukuzwa, mwanangu. Na huku unanifukuza? Basi shika sabuni, ufue mwenyewe."

Askari akatazama lile rundo. Akaketi ukingoni, akangoja.

Tulipofika "fungueni", Teodolinda hakuvuta hata kidogo.