Mbegu kwenye Suruali ya Shemeji

Pale hospitalini dobi alijulikana kwa mambo mawili. Kwanza, hakufua nguo ya mtu binafsi. Mganga mkuu mwenyewe aliwahi kumpelekea shati lililomwagikiwa chai, akarudi nalo vilevile. "Hapa nafua shuka za wagonjwa," aliambiwa, na huyo mama akishasema kitu hukuwa na haja ya kuuliza tena. Ndiyo maana wakamwita Mama Hapana. Jina alilisikia, akalimeza, akaendelea na kazi.

Pili, hakuanika kitu kwenye kamba ya mwisho. Chini ya kamba ile, kati ya ukuta na mfereji wa maji ya sabuni, mvua zikianza yaliota maua ya mwituni. Yalikuwa madogo, ya njano, ndugu wa alizeti ila ndugu maskini, maana hakuna aliyeyapanda wala kuyamwagilia. Jua likipanda yalifumbuka, jioni yakajifunga. Baada ya miezi michache yalikauka na kufa, yakaacha mbegu nyeusi zenye vimiiba, zinazong'ang'ania nguo kama mtoto asiyetaka kuachwa nyumbani. Shuka ikigusa hapo, mgonjwa atalalia sindano. Basi dobi alibananisha nguo kwenye kamba nyingine, na mwaka uliofuata maua yakaota yenyewe. Akichoshwa na mvuke alitoka nje, akashika kiuno, akayatazama. Aliyapenda, basi. Maelezo zaidi hakuwa nayo, na angekuwa nayo asingekupa.

Mwaka mmoja akaenda likizo, binti yake alikuwa amejifungua. Aliyeshika nafasi yake aliona kamba nzima iko bure, akaijaza shuka. Maua yalikuwa yameshakauka. Wodini watu walijikuna mpaka manesi wakasaka kunguni kwenye magodoro. Chanzo kilipojulikana, amri ikatoka: pafyekwe, paparuliwe, pamwagwe saruji.

Dobi alirudi akakuta saruji bado mbichi, na majani yote yameshachomwa. Mfyekaji alikuwa amekaa juu ya ndoo. Huyo ndiye mume wa mdogo wake.

"Shemeji, usinitazame hivyo. Nimeamriwa."

"Nimesema kitu?"

"Hujasema, ndiyo maana naogopa."

Dobi aliitazama ile saruji. Moyo ulimuuma vibaya sana. Miaka yote ile hakuwahi kuweka akiba hata ya kiganja kimoja cha mbegu. Uweke akiba ya nini, na kitu kinakuja chenyewe? Kosa hilo lilikuwa lake, wala hakumsingizia mtu.

"Na hayo maua yako yamenikomoa," shemeji alisema, akinyoosha mguu. "Tazama suruali. Mdogo wako kaapa siingii nayo ndani."

Aliitazama. Kuanzia pindo mpaka magotini ilikuwa nyeusi kwa mbegu.

"Ivue."

"Nini?"

"Nenda stoo ukavae ovaroli, hiyo uniletee. Nitakufulia."

Tangu shemeji aoe katika ukoo ule, dobi hakuwahi kumfulia hata leso. "Shemeji, unaumwa?"

"Unaileta au huileti?"

Akaileta. Dobi aliipokea kwa mikono miwili, akaikunja taratibu isidondoshe kitu, akakaa kwenye ile ndoo. Akaanza kuchomoa mbegu mojamoja, akizitia kwenye mfuko wa aproni. Alipekua mpaka ndani ya mishono.

"Sasa utazipeleka wapi?" shemeji aliuliza. "Hapa si saruji tupu?"

"Kwangu. Uani, chini ya kamba."

"Kamba yenyewe unayo moja. Nguo zako utaanika wapi?"

"Kwenu," dobi alisema, bila kuinua macho.

Mbegu zilipokwisha akajaza beseni maji, akaifua ile suruali kwa mikono, akaianika kwenye kamba ya mwisho.