Nyumba Isiyopigiliwa Msumari

Dobi mkuu wa hospitali alijulikana kwa jina la Taratibu. Wauguzi walimwita hivyo, mlinzi wa getini alimwita hivyo, na mkewe naye alimwita hivyo siku za hasira. Jina hilo hakulipata kwa uvivu. Katika chumba cha kufulia, ambako mvuke hukulowesha kabla hujagusa maji, kulikuwa na mashine ya kupigia pasi mashuka: magogo mawili ya chuma, ya moto, yanayozunguka yakiwa yamegusana. Shuka linaingia bichi upande huu, linatoka kavu upande wa pili. Ukiwa na pupa, na kidole nacho kinaingia. Taratibu alikuwa na rafiki aliyeacha vidole vitatu humo, mchana kweupe, kisa anawahi chakula. Tangu siku hiyo kila mfanyakazi mpya alisikia maneno yaleyale kutoka kwake.

"Taratibu, ndugu yangu. Shuka halina miguu, halitakukimbia."

Alistaafu na vidole vyake vyote. Nalitaja hilo mapema kwa sababu mazuri yaliyomo katika habari hii ni machache, na hilo ni mojawapo.

Mkewe alikuwa fundi cherehani, mshonaji wa sare za shule, mwanamke mwenye ulimi mkali na mikono laini. Katika maisha yao ya kupanga walikuwa wamehama nyumba nyingi, na karibu kila mahali ugomvi ulianzia kwenye msumari. Walikuwa na picha moja kubwa ya harusi, yenye fremu ya mbao na kioo, na mama huyo alitaka picha yake ikae ukutani kama picha za watu. Mwenye nyumba wa kwanza alifoka kwamba ukuta wake umetobolewa. Wa pili alikata pesa ya plasta kwenye amana yao. Wa tatu alimwambia, mbele ya watoto, kwamba mpangaji hana ukuta.

Neno hilo lilimchoma, akalimeza na halikushuka. Siku walipohamia kwenye nyumba ya mkopo wa benki, vyumba vitatu na jiko lenye dirisha, Taratibu alishika nyundo kabla hata vitanda havijaingia. Mkewe akamzuia mkono.

"Hati iko wapi?"

"Iko benki. Si ndiyo rehani yenyewe?"

"Basi na ukuta uko benki. Siku hati ikiingia mkononi mwako, utapigilia."

"Mama watoto, hii nyumba ni yetu!"

"Ni yetu ya kulala," alisema mkewe. "Ya kutoboa bado."

Alicheka alipokuwa akisema, lakini hakuwa anatania. Aliifunga picha kwa kipande cha kitambaa cha sare, rangi ya buluu, akaiweka juu ya kabati. Ikawa ndiyo sheria ya nyumba ile. Hakuna saa ya ukutani, kalenda iliegeshwa juu ya meza, na makoti yalining'inia kwenye migongo ya viti. Wageni walitania kwamba wamekaribishwa wodini. Watoto walikua, wakaoa na kuolewa, wakaondoka, na hakuna aliyewahi kupigilia hata kijiti.

Sasa kuhusu huo mkopo. Siku ya kutia saini Taratibu aliuliza swali moja tu: "Nitakatwa kiasi gani kwa mwezi?" Akatajiwa. Akalinganisha na kodi aliyokuwa akilipa, akaona vimepishana kidogo, akashusha pumzi. Hakuuliza atakuwa amelipa jumla ya kiasi gani mpaka siku ya mwisho. Nani huuliza? Mtu akinunua viatu ataulizia bei mpaka muuzaji achoke, atatoka dukani, atarudi. Huyohuyo akinunua nyumba kwa mkopo anauliza makato, na akiyaweza anadhani ameiweza nyumba. Aliambiwa pia kwamba riba inaweza kupanda na kushuka. Akaitikia kwa kichwa. Alidhani itafanya yote mawili.

Ilipopanda mara ya kwanza benki walimwita. Ofisa mmoja mwenye tabasamu alimwambia, "Tuna njia mbili, mzee wangu. Tuongeze makato yako, au tuyaache yalivyo na muda ujirekebishe wenyewe."

Ujirekebishe wenyewe! Sikia neno lilivyopakwa mafuta. Taratibu aliliona jambo jema, kitu kinachojitengeneza bila kusumbua mtu.

"Yaacheni yalivyo," alisema. "Polepole ndio mwendo."

Jirani yake, fundi bomba, alikuwa amekopa benki hiyohiyo, mwezi huohuo, na nyumba zao zilitenganishwa na ua wa michongoma. Yeye alichagua kuongezewa. Aliuza pikipiki yake, akawa anatembea kwa miguu na mabomba begani, na mkewe alilalamika mpaka ng'ambo ya ua kwamba amekuwa mjane wa mume aliye hai. Taratibu alimtania.

"Jirani, mwenye pupa hadiriki kula tamu."

"Na mwenye deni hadiriki kulala," alijibu fundi bomba, akapita na mabomba yake.

Riba ilipanda tena, na tena. Kila mara Taratibu aliitwa, na kila mara alijibu vilevile. Huko kazini alijisifu kwamba makato yake hayajawahi kuongezeka hata senti. Wenzake walipolia kwamba maisha yamepanda, yeye aliinua kidole, akatoa methali yake aliyoipenda: bandu bandu huisha gogo. Mvumilivu hula mbivu, aliongeza, kama vile moja haikutosha.

Mwaka mmoja kabla ya Taratibu kustaafu, fundi bomba alikabidhiwa hati yake. Alikuwa amemaliza mapema. Mama wa sare alikwenda kuiona, akaishika kwa ncha za vidole, akarudi nyumbani macho yanang'aa.

"Yetu lini?"

"Mwakani. Mwezi ninaostaafu. Miaka kumi na mitano barabara."

"Barabara?"

"Mke wangu, mimi nimewahi kukosa kukatwa hata mwezi mmoja?"

Hakuwahi, na hilo lilikuwa kweli kabisa.

Mwezi huo ulipofika, Taratibu alivaa koti lake la harusi za watoto, akaenda benki kama mtu anayekwenda kupokea mjukuu. Nyuma yake mkewe aliishusha picha, akafuta kioo, akatoa msumari mmoja aliokuwa ameununua kwa ajili hiyo, mrefu na mnene.

Aliyempokea benki alikuwa binti wa umri wa watoto wake, mpole.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Nimekuja kuchukua hati yangu."

Binti alibofya kompyuta, akatazama, akabofya tena. Akasogeza kiti chake karibu.

"Mzee, nani alikuambia umemaliza?"

"Kalenda."

Binti hakucheka. Alimweleza taratibu, na nadhani ndiyo mara ya kwanza katika maisha yake mzee huyo kutamani mtu afanye haraka. Kila mwezi pesa yako ikiingia, alisema, riba ndiyo inakula kwanza. Kinachobaki ndicho kinapunguza deni lenyewe. Miaka ya mwanzo deni huwa kubwa, kwa hiyo riba hula sana na deni linapungua kidogo tu. Halafu riba ikapanda, na wewe ukaacha makato yalivyo, kwa hiyo muda wa kulipa ndio ukarefuka.

"Ikala karibu yote, mzee. Kuna miaka hapa deni halijasogea kabisa."

"Lakini nilikatwa."

"Ulikatwa."

"Kila mwezi!"

"Kila mwezi. Hujawahi kukosa. Wewe ni mteja mzuri sana."

Alisema hivyo kwa wema, maskini, na hakujua amemchoma. Taratibu aliuliza kimebaki kiasi gani. Karibu robo tatu ya alichokopa. Aliuliza ni muda gani. Miaka tisa, kama riba haitapanda tena. Ndipo akauliza swali ambalo hakuliuliza siku ya saini.

"Na nilizokwisha kulipa, zote pamoja, ni kiasi gani?"

Binti alijumlisha, akamgeuzia kioo cha kompyuta aone. Taratibu alizisoma tarakimu hizo moja moja. Zilitosha kununua nyumba mbili kama ile.

"Nyumba mbili," alisema. "Moja naishi. Ya pili iko wapi?"

Binti alikigeuza tena kioo cha kompyuta upande wake. Siku ya saini yeye alikuwa bado mtoto wa shule ya msingi.

Taratibu alirudi nyumbani kwa miguu. Njiani alijaribu kulipanga la kusema, likakataa kupangika. Lile gogo alilojisifu kulibandua lilikuwa na mizizi. Kila alichobandua mchana kiliota tena, naye alikuwa akilimwagilia kwa mkono wake mwenyewe, tena kwa furaha. Mshahara ulikuwa umekwisha. Pensheni ingemezwa na makato karibu yote, na watakula nini? Alijiona mjinga, na uchungu wake ulikuwa kwamba hakuwa mjinga. Alikuwa mwangalifu. Uangalifu uleule uliomwachia vidole vyake kwenye mashine ndio uliomnyang'anya nyumba.

Alipofika getini alisikia nyundo. Ko, ko, ko.

Mwanamke aliyesubiri miaka kumi na mitano alikuwa ameshindwa kusubiri saa moja zaidi. Alikuwa amesimama juu ya kigoda sebuleni, picha imekwisha tundikwa, anainyoosha kwa kiganja. Wawili hao ndani ya kioo walikuwa vijana na wembamba, wanatazama mbele bila wasiwasi wowote.

"Umechelewa, Taratibu," alisema bila kugeuka. "Nimepigilia mwenyewe. Leta hati tuiweke chini yake, ipigwe picha na yenyewe."

"Mama watoto. Shuka chini kwanza."

Aligeuka, akaiona sura yake, akashuka. Taratibu alimweleza yote, amesimama, koti bado mwilini, kama mtu anayetoa ushahidi. Mkewe hakupiga kelele, na afadhali angepiga. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza.

"Tungeongeza kidogo kama jirani, tungekuwa tumemaliza?"

"Tungemaliza."

"Na mimi waliniuliza?"

"Hawakukuuliza."

"Na wewe?"

Mara zote tatu alizoitwa benki alirudi akasema tu kwamba mambo ni shwari.

"Sikukuuliza," alisema.

Mama alipanda tena kwenye kigoda, akaishusha picha, akaifunga katika kitambaa chake cha buluu. Msumari alijaribu kuung'oa kwa upande wa nyuma wa nyundo. Uligoma. Ulikuwa msumari mzuri, nao ulikuwa umeshika.

Walihangaika, wasije watu wakasema walikaa tu. Kiinua mgongo chote kilikwenda benki, nalo deni likapungua bila kwisha. Mama alirudi kushona usiku na mchana mpaka macho yakaanza kumwaga machozi yenyewe. Watoto walituma walichoweza, na walichoweza kilikuwa kidogo, kwa sababu nao walikuwa na watoto. Fundi bomba alikuja, akakaa, akanywa chai, hakutania hata kidogo. Mwisho walifanya lililobaki. Waliiuza nyumba ili deni liishe kabla deni halijawamaliza wao.

Wanunuzi walikuwa kijana na mkewe, mwanamke ni mjamzito, wanapendana mpaka inatia huruma. Walizunguka vyumba vyote wakishikana mikono. Sebuleni mwanamke aliuona ule msumari.

"Hapa tutatundika picha yetu ya harusi!"

Mama wa sare aliuliza polepole, "Hati mtapewa lini, mwanangu?"

"Ah, hati itakaa benki kwanza. Tumekopa ya miaka ishirini."

Taratibu alimvuta kijana pembeni, karibu na dirisha la jiko. Alijua kwamba wakighairi, yeye mwenyewe ameumia. Alisema hata hivyo.

"Mwanangu, waulize mtakuwa mmelipa kiasi gani mpaka mwisho. Yote. Na riba ikipanda, msikubali kuyaacha makato yalivyo."

Kijana alimpiga mzee begani, kwa heshima na kwa haraka.

"Usiwe na wasiwasi, mzee. Makato tumeshauliza. Yamepishana kidogo tu na kodi."

Wakanunua.

Baada ya deni na ada na gharama ambazo hakuna aliyewahi kuwatajia, kilichobaki kilitosha kodi ya miaka michache, kwenye vyumba viwili nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi. Ikiisha hiyo miaka itakuwaje, hawakulizungumza. Siku ya kuhamia, mwenye nyumba alisimama mlangoni na kuwatajia masharti akihesabu kwa vidole: kodi kabla ya mwezi kuanza, taa zizimwe mchana, na ukuta wake asiutoboe mtu.

"La ukuta usihangaike nalo," mama alisema, akipita mbele yake na kifurushi cha kitambaa cha buluu mikononi. "Tumezoea."

Alitafuta kabati. Lilikuwa bado halijaingizwa, kwa hiyo akaiegesha picha chini, uso umeelekea ukutani.