Ubeti wa Kujitaja

Mjomba wangu aliigiza walevi. Tone la pombe hakuonja maishani, lakini akishaingia uwanjani na lile koti lililopasuka kwapani, akasimama wima mbele ya mti na kuuambia "Shikamoo afande," watu walianguka kwa kicheko. Katika kikundi chao cha sanaa pale Ruponda, bwana harusi aliigizwa na fundi cherehani mwenye sura nzuri. Mjomba alipewa mlevi, mkwe mchoyo, au bibi kizee mwenye kikohozi. Hakulalamika hata siku moja.

"Bwana harusi anapendwa, mpwa wangu," aliniambia. "Ila mlevi ndiye anayesubiriwa."

Nyimbo za kikundi zote alitunga yeye, akipalilia ufuta. Mimi niliishia darasa la saba, nikabaki nyumbani kulima na kuota ndoto zangu, kwa hiyo ndimi niliyeimbiwa wa kwanza. Kila wimbo ukimalizika nilishamwona mjomba Dar es Salaam, amevaa suti, anapungia watu.

Kwetu mtunzi hujitaja. Ubeti wa mwisho unasema jina lako, jina la mama aliyekuzaa na kijiji chako, ili wimbo ukichukuliwa kwenye ngoma za watu, hata Marambo, hata Kilimarondo huko, wajue umetoka kwa nani. Wimbo usio na mtu ni kama mtoto wa kuokota.

Basi wakaja wageni na gari, wana mashine ya kurekodia, wanakusanya nyimbo. Mjomba akawaimbia ule wa jembe lililosahauliwa shambani, mzuri kuliko zote. Alipofika kwenye kujitaja, kijana mwenye vidude masikioni akainua mkono.

"Hapo panatosha, mzee."

"Bado haujaisha, mwanangu."

"Mambo ya jina tutaandika, mzee wangu, wala usijali."

Mjomba akacheka, akawafungia na mihogo ya kula njiani. Mihogo! Nikiikumbuka natamani niwafuate nikawatapishe.

Siku wimbo ulipotoka redioni nilipiga vigelegele kabla mtangazaji hajamaliza. Akamaliza: wimbo wa asili kutoka kusini, mtunzi wake hafahamiki. Hafahamiki! Ruponda nzima inamfahamu, mpaka mbuzi!

"Twende mjini Nachingwea tukawatafute," nikamwambia, machozi yananitoka kwa hasira.

"Tumtafute nani?" akasema. "Wale nao hawakujitaja."

Redio ikaupiga, ikaupiga, mpaka watoto wa shule wakawa wanauimba. Msimu uliofuata kikundi kikaalikwa Ruangwa, siku ya gulio. Asubuhi mjomba akauimba wimbo wake, akafika kwenye ubeti wa kujitaja, vijana wakaanza kuzomea.

"Babu, wimbo wa redio unaubandika jina lako?"

"Mwizi huyo! Katunge wako!"

Akaumalizia hivyo hivyo. Fundi cherehani akamvuta pembeni. "Kaka, mchana tunarudia. Ule ubeti uache, watatupiga mawe."

Mchana akaingia na ulevi wake, watu wakacheka, akauimba tena. Akanyamaza pale pale walipomkatia wale wa mashine. Wakampigia makofi mengi, wale wale waliomwita mwizi. Mimi sikuweza. Nikapanda juu ya gunia la mtu, nikaliita jina lake kwa sauti yangu yote, na la bibi yangu, na Ruponda, kama linavyoimbwa. Uwanja mzima ukanigeukia.

Mjomba akanitazama. Nikadhani sasa atalipokea, ataimba. Akayumba, akashika bega la mtu asianguke, akasema kwa ule ulimi mzito wa mlevi, "Binti, huyo unayemwita mimi simjui. Alipita hapa, akaenda zake."

Walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Hakuwahi kuigiza vizuri kama siku ile. Na wale wenye mashine yao, popote walipo, mimi sijawasamehe.