Mdogo wangu alipaliwa na karanga siku ya Idi, nikaficha siku kumi na tisa

Wakuu, poleni na majukumu.

Mimi ni mzee wa karibu miaka sabini, naandika kwa kidole kimoja kwenye simu ya mjukuu, kwa hiyo mnivumilie. Haya ni yangu mwenyewe. Sehemu inayoniaibisha sitairuka, maana ndiyo iliyonileta hapa.

Juzi nimepita kwenye uzi wa dada mmoja humu ambaye mwanawe aliungua na chai kwenye bethidei. Komenti nyingi zinabishana apakwe nini, asali, yai au dawa ya meno. Nimezisoma zote. Sina elimu ya udaktari, niliishia darasa la sita. Ila kuna kitu kimoja kuhusu watoto kuumia kwenye sherehe ninakijua, na nilikijua vibaya.

Ilikuwa Tabora mjini, mtaa wa Ng'ambo, mwanzoni mwa miaka ya sabini. Watu walikuwa wanahamia vijiji vya ujamaa.

Mama alifariki, na mwaka uliofuata baba naye akafariki. Tukabaki watatu. Mimi nilikuwa na miaka kumi na sita, Zuhura kumi na mmoja, na Hamisi alikuwa hajatimiza minne. Shule nilikuwa nimeshaiacha tangu baba alipoanza kuugua, nikawa natengeneza baiskeli barazani. Tulikaa chumba kimoja kwenye nyumba ya Bi Nasra, mama wa Kiarabu mwenye duka, ukoo wao uko Tabora tangu enzi za misafara.

Siku ya arobaini ya baba, ndugu walikaa kutugawa. Huyu anamtaka Zuhura amsaidie kazi, yule anamtaka Hamisi kwa kuwa hana mtoto wa kiume. Mimi hakuna aliyenitaka, nilikuwa mkubwa mno.

Nikasimama nikasema hawa hawagawanywi, nitawalea mimi.

Watu walicheka. Baba mkubwa, kaka yake baba, hakucheka. Alikuwa mkulima wa kijiji kimoja cha ujamaa upande wa Nzega, mtu wa maneno machache. Akasema:

"Haya. Walee. Lakini siku nitakayosikia mmoja wao ameumia mikononi mwako, nakuja kuwachukua wote wawili, na hutanibishia."

Nikasema sawa, baba mkubwa.

Wakuu, yashikeni maneno hayo. Yote niliyofanya baadaye yalitokana na hayo.

Mwaka uliofuata, Idi ikafika. Watoto wa Ng'ambo walikuwa na nguo mpya, wangu hawakuwa nazo. Nikaona niwafanyie sherehe badala ya nguo. Bi Nasra akaniruhusu kutumia ua wake. Nikapika pilau ya nyama kidogo, nikakaanga karanga sinia zima, nikaita watoto wa mtaa. Walikuja kama ishirini.

Baada ya kula nikawachezesha daka kwa mdomo. Huu mchezo niliujua sana. Watoto wanasimama mstari, wanainua vichwa juu, wanaachama. Mimi nasimama hatua kadhaa mbele, nawarushia karanga mmoja mmoja. Anayekosa anatoka. Nilikuwa na shabaha kali na nilikuwa najisikia. Hata wakubwa walisimama mlangoni wanashangilia.

Hamisi akaja anaruka. "Na mimi! Na mimi!"

Zuhura akamshika mkono. "Kaka, huyu bado mdogo, atapaliwa."

"Acha uoga wako wewe. Huyu dume."

"Dume gani, uji tu unamshinda."

Watoto wakaangua kicheko. Hamisi akachukia, akaenda kusimama katikati ya mstari, akaachama mpaka macho yakafumba. Mmoja akamtania, "Tazameni, kifaranga anasubiri mama yake!"

Na Hamisi mwenyewe akacheka. Nilikuwa nimeshaachia karanga.

Iliingia moja kwa moja.

Alikohoa kikohozi ambacho sijawahi kukisikia tena. Kisha hakikutoka hata hicho. Midomo ikabadilika rangi. Mtu mmoja akampulizia utosini, mwingine akasema apewe tonge la ugali lisukume. Bi Nasra akatoka dukani mbio, akamwinamisha kwenye mapaja yake, akampiga mgongoni kwa kiganja, mara nne, mara tano.

Akavuta pumzi. Akalia.

Ua mzima ukapiga makofi. Bi Nasra akasema, "Alhamdulillahi, ameimeza." Akampa maji, mtoto akanywa. Baada ya muda akawa anakimbia na wenzake. Sherehe ikaendelea.

Hakuna aliyeiona ile karanga. Haikuanguka chini. Wote tulikubali kwamba ameimeza kwa sababu ndicho tulichotaka.

Siku tatu hakuwa na kitu. Ya nne akaanza kukohoa. Ya sita, homa. Akawa akipumua inasikika filimbi nyembamba, na akilala anataka upande mmoja tu. Nikampeleka zahanati.

Dresa wa pale, yule mhudumu anayetibu pasipo na daktari, alikuwa kijana mpole, yuko peke yake na foleni imefika nje. Akamsikiliza kifua, akarudia upande wa kulia mara mbili. Kisha akaniuliza, na maneno yake nayakumbuka yote:

"Huyu alipaliwa na kitu? Shanga, kifungo, punje yoyote?"

Nyuma yangu benchi limejaa watu wa Ng'ambo. Kinachosemwa pale jioni kimefika sokoni, na sokoni hakukosi mtu wa Nzega.

Nikasema, "Hapana."

Akaandika kwenye kadi. Nilimwona akiandika.

Hamisi akapigwa sindano za penisilini. Homa ikashuka, nikajiambia umeona, ni kikohozi tu. Siku ya kumi na mbili ikarudi, kubwa kuliko mwanzo. Nikarudi zahanati, sindano nyingine, na mimi kimya.

Nyumbani Zuhura alikuwa anamwekea sikio mgongoni.

"Kaka, upande huu hakuna kitu. Sikiliza mwenyewe."

"Kuna makohozi."

"Waambie ile karanga."

"Aliimeza."

"Nani aliiona?"

Nikamkaripia. Nikamwambia akithubutu kusema neno hilo nje, baba mkubwa atakuja kuwatenganisha na mimi, na yeye ndiye atakayekuwa amesababisha. Mtoto wa miaka kumi na miwili. Akanyamaza. Tangu hapo akawa ananitazama tu.

Naituma kwa vipande, na mdau aliyesoma mwanzo amenitumia ujumbe wakati naandika: "Mzee usijilaumu, ulikuwa mtoto." Ahsante mkuu. Ngoja nifike mwisho.

Siku ya kumi na saba dresa akatuandikia barua ya hospitali kubwa ya mji. Wakamlaza. Hamisi alikuwa amekonda, mbavu unazihesabu, na makohozi yananuka. Habari zikamfikia baba mkubwa kupitia abiria wa basi, na siku ya kumi na tisa asubuhi akaingia wodini na vumbi la njiani. Nikamwamkia shikamoo. Akajibu marahaba bila kunitazama, akaenda kumshika mtoto paji la uso.

Daktari akatuita chumbani kwake, mimi na baba mkubwa. Zuhura akaingia nyuma yetu, hakuna aliyemzuia. Eksirei ilikuwa imebandikwa dirishani.

"Chini ya pafu la kulia kumeziba," daktari akasema. "Amepata sindano, hazijasaidia. Tunaona ni kifua kikuu. Atahamishiwa wodi ya wagonjwa hao, na matibabu ni ya miezi mingi."

Baba mkubwa akasema, "Kwenye ukoo wetu hakuna aliyewahi kuugua hivyo."

"Mzee, ugonjwa hauulizi ukoo."

Nikaiangalia ile kadi ya zahanati mezani. Nikamwona Hamisi kwenye wodi ya watu wanaokohoa damu, anadungwa dawa za ugonjwa asio nao, huku kile kitu kimekaa palepale. Ningeweza kuendelea kunyamaza. Hata pale, wakuu, niliipima. Ningenyamaza, watoto wangebaki wangu, labda. Mmoja wao angekufa, labda.

"Daktari, alipaliwa na karanga."

Akageuka. "Lini?"

"Siku ya Idi."

Akatazama kalenda ukutani. "Hapa imeandikwa uliulizwa, ukasema hapana."

"Nilisema uongo."

Baba mkubwa akavua kofia, akaiweka gotini. Zuhura akaanza kulia kwa sauti, kilio cha mtu aliyetua mzigo.

Daktari hakunigombeza. Alieleza tu kwamba kifungo kingeweza kukaa kimya muda mrefu, lakini karanga ina mafuta, inavimba, inaoza na kuozesha panapoizunguka. Kwamba kule kutulia kwa kikohozi siku ya kwanza kulikuwa ni karanga kushuka chini zaidi. Kwamba Tabora hawana kifaa cha kuitoa, twende Mwanza, na twende leo.

Tulipanda treni, mimi, baba mkubwa na mtoto. Njia nzima baba mkubwa ndiye aliyempakata, ameketi wima ili mtoto apumue. Nilipotaka kumpokea akasema, "Kaa."

Mwanza walimlaza usingizi, wakapitisha mrija kooni mpaka kifuani. Wakatoa kipande cheusi, hakifiki hata nusu karanga. Vipande vingine vilikuwa vimeshasagika huko ndani. Daktari wa kule alisema mtoto ataishi, ila chini ya pafu la kulia kumeharibika, hapatarudi kama zamani. Nikamuuliza ingekuwaje kama ningemleta siku ile ile.

"Angerudi nyumbani mzima," akasema.

Tuliporudi Tabora baba mkubwa alilala kwetu siku moja. Asubuhi akamwambia Zuhura afunge nguo zake na za mdogo wake. Sikubisha, nilikuwa nimeahidi. Niliomba tu.

"Baba mkubwa, ilikuwa bahati mbaya."

"Karanga ilikuwa bahati mbaya," akasema. "Hata kwangu angeweza kupaliwa. Siwachukui kwa ajili ya karanga."

Akamtazama Zuhura, aliyekuwa anafunga nguo.

"Nawachukua kwa ajili ya zile siku ulizoniogopa mimi kuliko ulivyoogopa yeye kufa. Na huyu binti umemfundisha kunyamaza."

Niliwabebea mzigo mpaka kituo cha basi. Hamisi alikuwa mgongoni kwa Zuhura. Walipoketi ndani ya basi alidhani mimi nami nasafiri, akawa ananisogezea nafasi kwenye kiti.

Niliendelea kutengeneza baiskeli. Kila mwezi nilipanda basi kwenda kuwaona, miaka kumi na tatu, sikukosa hata masika barabara ilipokuwa tope. Baba mkubwa aliwalea vizuri, sitamsema vibaya. Hamisi alimwita baba. Mimi nikawa "kaka wa Tabora", yule anayekuja na mkate.

Kifua chake hakikupona. Kila baridi ikiingia analazwa. Mpira hakucheza. Jeshi la kujenga taifa walimpima wakamrudisha nyumbani, na hilo lilimuuma kuliko yote. Alipofika kulalamika kwangu nikaona haifai tena kuficha, nikamweleza kila kitu, karanga, dresa, na "hapana" yangu.

Alisikiliza mpaka mwisho. Akauliza kitu kimoja.

"Zile siku nilizokuwa nakohoa, ulikuwa unaniona?"

"Nilikuwa nakuona."

Akaitikia kwa kichwa. Tukala, akaniaga, akaondoka. Tunaongea mpaka leo, tunazikana na kuozeshana. Ila jibu lile hajawahi kuniambia kama alilisamehe, na mimi sijawahi kumuuliza.

Sasa kwenu wenye watoto.

Chini ya miaka mitano karanga nzima usimpe, wala bisi, wala pipi ngumu, na asile huku anakimbia au kuchekeshwa. Akipaliwa na bado anakohoa kwa nguvu, mwache akohoe, usimtie kidole, maji wala tonge. Asipoweza kupumua wala kulia, mwinamishe mbele umpige kwa kiganja katikati ya mabega, na mtu mwingine atafute gari. Haya nilifundishwa na muuguzi, na kliniki watakuonyesha kwa mikono ukiwaomba. Akitulia bila kitu kuonekana kimetoka, usipige makofi. Mpeleke siku hiyo hiyo.

Na ukifika, sema. Sema ulikuwa unachati, sema ulimrushia wewe, sema hata kama mkweo amekaa pembeni anasikia. Daktari hawezi kutoa kitu ambacho umekificha wewe.

Nanyi mababu, mashangazi na wakwe, mkimwachia mtu mtoto, msimwekee tishio. Baba mkubwa kabla hajafa aliniambia maneno yake ya siku ya arobaini nayo yalikuwemo kwenye kifua cha Hamisi. Nilimjibu yangu yalikuwa mengi zaidi.

Kama kuna mtu humu mtoto wake aliumia kwenye sherehe na mpaka sasa hajasema ilivyokuwa, aandike hapa chini, au bora zaidi, azime simu aende akaseme kwa anayehusika. Wenye kunisema pia karibuni, nitasoma zote, polepole.